Clarkson, Probox na mtu ambaye hakuulizwa

Nilijifunza kuandika kutoka kwa Jeremy Clarkson. Najua hilo ni jambo la kusema kwa sauti ya chini siku hizi, lakini nikikuficha utanishika tu kabla hujamaliza ukurasa. Si mwalimu wa fasihi aliyenifundisha, wala vitabu vya seti tulivyokariri shuleni. Ni DVD za shilingi hamsini, zile za kuchomwa, kutoka kibanda kimoja karibu na steji Nyeri mjini. Msimu mzima wa Top Gear ulikuwa umebanwa kwenye diski moja na picha inakwama kila gari likifika kwenye kona. Nilikuwa kidato cha pili. Chombo pekee nilichokuwa nimewahi kuendesha ni baiskeli ya guka, Black Mamba, na hata hiyo breki zake zilikuwa miguu yangu.

Kilichonishika hakikuwa magari. Zilikuwa sentensi. Mapitio ya magari niliyokuwa nimezoea yalikuwa orodha: injini sisi 1500, viti vitano, bei, kwaheri. (Namtoa JM Baraza na safu yake ya Car Clinic kwenye Daily Nation, ambayo guka alininunulia kila Jumatano bila kujua kwamba sikuwa nasoma kurasa nyingine.) Clarkson alikuwa anaweza kusimama kando ya gari, anyamaze kidogo, halafu atoe mfano mmoja wa kipuzi kabisa kuhusu usukani, na kuanzia siku hiyo wewe huwezi kuliona hilo gari bila kucheka. Nikaona kwamba kumbe mashine inaweza kuandikwa kama mtu.

Maisha yake kwa haraka, kwa wale ambao hawakulelewa na DVD. Alizaliwa Doncaster, kaskazini mwa Uingereza, mwaka wa 1960. Akafukuzwa shule ya Repton. Hakukanyaga chuo kikuu. Alianzia gazeti dogo la mtaani, Rotherham Advertiser, kisha akahamia kuandika magari, na 1988 akaingia Top Gear ya BBC, wakati huo kipindi cha adabu cha kuambia watu wanunue gari gani. Mwaka wa 2002 kilirudi kikiwa kimegeuzwa. Mwenzake katika kukigeuza alikuwa Andy Wilman, rafiki yake tangu Repton. Kikawa cha wanaume watatu wakubwa wanaokataa kukua. Mwaka wa 2015 akampiga ngumi prodyusa kwa sababu hakukuwa na chakula moto hotelini, BBC ikaachana naye, Amazon ikamchukua. Sasa ni mkulima. Nitarudi huko kwa mkulima, maana ndipo penye hoja yangu.

Lakini kwanza Vectra. Mwaka wa 1995 Vauxhall walileta gari hilo, gari la afisa wa mauzo, la kwenda kazini na kurudi. Clarkson alilifanyia mapitio ambayo hoja yake yote ilikuwa kwamba hakuna la kusema. Kampuni ilikasirika. Mimi nilipokuja kuona klipu hiyo miaka mingi baadaye, nilisimama kitandani. Nilidhani huo ndio ujasiri wa mhakiki.

Siku hizi nafikiri kidogo tofauti. Jasiri alikuwa, sawa, lakini pia BBC inaishi kwa ada ya leseni ya televisheni, si kwa matangazo ya Vauxhall. Kazi yangu mimi ya kwanza ya kulipwa ilikuwa kuandikia yadi moja ya magari Nairobi, shilingi mia tano kila gari. Kwenye gari la tatu niliandika kwamba likitoka gia ya kwanza kwenda ya pili linasita kama mtu anayetafuta funguo mfukoni. Nikaombwa, kwa upole kabisa, niiondoe hiyo sentensi. Niliiondoa. Kodi ilikuwa tarehe tano. Vijana wengi tunaoiga ulimi wa Clarkson tunasahau kuuliza ni nani alikuwa anamlipia huo ulimi.

Na kuna tofauti nyingine ambayo ilinichukua miaka kuiona, ingawa ilikuwa imeegeshwa mbele ya nyumba yetu. Mhakiki wa Uingereza anahukumu gari jipya. Sisi gari jipya hatukutani nalo. Sheria ya Kenya inaruhusu magari yaliyotumika mradi hayajapita miaka 8, na kwa hivyo mengi yanashuka Mombasa yakiwa na miaka saba, yameshachokwa na Mjapani fulani. Hapo ndipo sisi tunaanza. Mapitio ya Clarkson yalikuwa yanatufikia kama barua ya mapenzi iliyoandikiwa mtu mwingine, kuhusu msichana ambaye sasa ni mama ya watoto wawili. Swali lake lilikuwa: linafurahisha? Letu huku mlimani ni: spea zake zinapatikana Karatina?

Ndiyo maana kipande chake bora cha enzi za Top Gear, kwangu, si cha Ferrari. Ni kile cha 2003 cha Toyota Hilux. Walichukua pikapu ya dizeli ya 1988, wakaiacha baharini maji yakaifunika, wakaigonga kwa mpira wa kubomolea nyumba, wakaichoma moto, mwishowe wakaiweka juu ya ghorofa na ghorofa likabomolewa. Ikawaka. Waingereza waliona maajabu. Sisi tuliotazama Nyeri tulicheka, lakini kicheko cha aina nyingine, cha kusema tumekuwa tukiwaambia. Mtu yeyote aliyewahi kusimama kando ya barabara na kupitwa na pikapu ya miraa kutoka Maua, ikikimbizana na saa kabla majani hayajanyauka, anajua jaribio hilo hufanywa kila usiku na hakuna anayelipiga filamu. Hata hivyo walikuwa waaminifu. Walijaribu kitu, wakatuonyesha matokeo.

Safari za Afrika ni hadithi tofauti. Mwaka wa 2007 walienda Botswana na magari makuukuu: Lancia, Mercedes, na Opel Kadett ya 1963 ambayo Richard Hammond aliipenda hadi akaipa jina. Mwaka wa 2013 wakaja karibu na sisi, Uganda, Rwanda na Tanzania, kutafuta chanzo cha mto Nile. Clarkson alikuwa na BMW, Hammond na Subaru Impreza, James May na Volvo, zote stesheni wagoni, zote zimezeeka. Kuna foleni ya Kampala, kuna tope, kuna kivuko walichojiundia wenyewe. Niliitazama nikiwa mwaka wa kwanza chuoni, kwenye laptopu ya mwenzangu, watu sita kitandani, na nilicheka hadi nikaumwa na mbavu.

Niliitazama tena mwaka jana, peke yangu. Inachekesha bado, siwezi kusema uongo. Lakini angalia mzaha unasimama juu ya nini. Gari kuukuu, barabara mbovu, kitu kimevunjika, giza linaingia. Hiyo ni Jumatatu ya mtu. Kutoka Mukurwe-ini hadi Nyeri mjini wakati wa mvua hiyo ndiyo hali, na hakuna muziki wa filamu. Na zaidi ya hapo, angalia nani hazungumzi. Katika nchi hizi zetu ukiharibikiwa na gari hata porini, kabla hujafungua boneti vizuri kuna fundi ameshatokea, na maoni anayo. Fundi ndiye mhakiki wa kwanza wa magari Afrika Mashariki. Anajua injini gani inakunywa oili, anajua Subaru ipi utauza na ipi itakuzika. Katika safari ile wenyeji wanapita kama mandhari: wanapunga mkono, wanashangaa, gari linaondoka. Huyu mtu aliyekuwa na kitu cha kusema kuhusu zile wagoni tatu hakuulizwa.

Nami nikafanya kosa hilo hilo, na bila hata BBC nyuma yangu.

Nilikuwa nimeacha chuo. Uhandisi wa mitambo, mwaka wa pili, karo na mambo mengine ambayo si ya hapa. Nikarudi Nyeri, nikaandika makala yangu ya kwanza kwa jina langu, kuhusu Toyota Probox. Nilikuwa nimeisubiri hiyo makala maisha yangu yote. Niliiita friji iliyopewa magurudumu. Niliandika kwamba Toyota walipoileta mwaka wa 2002 mbunifu wake alikuwa na rula tu mezani. Niliandika kuhusu abiria kumi, dereva amekalia nusu ya kiti na mlango. Watu wakaishea sana, mimi nikatembea mjini kama Clarkson wa Ruring'u.

Mmoja wa waliotumiwa ni anko wangu, ndugu mdogo wa mama, ambaye Probox yake imekuwa ikibeba maziwa asubuhi na watu mchana kwa zaidi ya miaka kumi. Hakunipigia. Alisubiri Jumapili, tukiwa tumekaa nje baada ya chakula, akasema mbele ya kila mtu, bila hasira:

"Nimesoma ile kitu yako. Iko sawa, nimecheka. Lakini hiyo friji ndiyo ilibeba boksi yako ikakupeleka chuo. Na ndiyo ilikuja kukurudisha. Na hukuniuliza hata swali moja."

Mama akaingia ndani kuleta chai ambayo ilikuwa tayari imeletwa.

Sasa shamba. Mwaka wa 2021 Clarkson alianza kipindi cha kilimo Amazon, kwenye shamba lake Oxfordshire. Mhusika mkuu ni yule yule, domo ni lile lile, anaanza kwa kununua trekta ya Lamborghini ambayo haitoshei hata ghalani. Lakini safari hii kuna kijana wa kijijini, Kaleb Cooper, aliyezaliwa huko huko, aliyeanza kulima akiwa bado mtoto wa shule, na huyo kijana anamtukana. Anamwambia mistari yake ya shambani imepinda. Anamwambia hajui kitu, na ni kweli hajui. Kamera inabaki kwa Kaleb hadi amalize. Baada ya miaka 30 na zaidi ya televisheni, fundi ameruhusiwa kuongea, na hapo ndipo mzee huyu kwa mara ya kwanza anapendeza bila mtu kuumia. Kwangu ni kazi yake bora, na siipi sifa hiyo kwa sababu ya maneno yake. Ni kwa sababu ya majibu anayopata.

Kuna tukio moja ambalo nyumbani kwetu tulilitazama mara mbili. Mwisho wa mwaka wa kwanza mshauri wake, Charlie Ireland, anamsomea hesabu: faida ya shamba lote ni pauni 144. Kama shilingi elfu ishirini hivi, kwa mwaka mzima. Baba, ambaye hajui Top Gear ni nini na hupeleka kahawa yake kiwandani akisubiri malipo ya chama cha ushirika kama watu wanavyosubiri matokeo ya hospitali, aliguna akasema, "Huyo mzungu amekuwa Mnyeri." Kisha akauliza huyo mzungu anakula nini. Nikamweleza kwamba analipwa na televisheni. "Aaa," akasema, na hamu ikamwishia.

Baba aligusa palepale. Kila Agosti matokeo ya mtihani wa kidato cha mwisho yakitoka Uingereza, Clarkson huandika mtandaoni kwamba yeye alipata C moja na U mbili, halafu anataja kitu cha kifahari alicho nacho, ili wanafunzi wasife moyo. Mwaka nilioacha chuo niliuweka huo ujumbe kwenye simu yangu kama kioo cha mbele. Nilikuja kusoma baadaye kwamba wazazi wake walitengeneza dubu wa Paddington, wale wa kuchezea, na dubu hao ndio waliolipa Repton. Mtu aliyeanguka juu ya godoro la dubu anawaambia wengine kuanguka hakuumi. Sina chuki naye. Nimeufuta tu.

Na usinielewe kwamba shamba limemtakasa. Desemba 2022, Kaleb akiwa ameshamjibu misimu mizima, aliandika kwenye gazeti la The Sun kuhusu Meghan, mke wa Prince Harry, safu chafu kiasi kwamba mwaka uliofuata baraza la kusimamia magazeti huko liliamua ilikuwa ya kibaguzi dhidi ya wanawake. Aliomba msamaha. Ukiisoma unaona ni ule ulimi wa Vectra, hakuna aliyeongezwa isipokuwa binadamu mahali pa gari, na kando yake hakuna kijana wa kumwambia mzee, mstari wako umepinda.

Mimi ile makala ya Probox sijaifuta. Nimeamua kuiandika upya. Wiki iliyopita nilipanda na anko tangu saa kumi na moja alfajiri, mitungi ya maziwa nyuma, ukungu hadi kwenye kioo, daftari langu magotini. Nilimuuliza maswali arobaini. Alinieleza jinsi anavyosikia beringi ikianza kufa wiki mbili kabla. Alinieleza kwa nini alibadilisha springi za nyuma akaweka nzito, na polisi gani anamsalimia kwa jina. Tulipofika nikamuuliza kama kuna kitu anataka nisiandike.

Akafikiria, mkono juu ya usukani.

"Andika kiti cha nyuma kinaumiza watu mgongo," akasema. "Hiyo ulisema na ni ukweli. Ile ya friji toa."