Maisha ya Tippu Tip na Wajibu wa Mwandishi

Wengi wa wasomaji wetu walioko Unyanyembe hukusanya habari za maisha ya wazee, nayo ni kazi njema. Walakini kabla ya kushika kalamu yafaa wayasome tena maisha ya Hamed bin Muhammed el Murjebi, yaani Tippu Tip, ambaye baba yake alikaa karibu na Tabora akaoa katika nyumba ya Mtemi Fundikira.

Habari hizo alizitunga mwenyewe kwa Kiswahili, kwa herufi za Kiarabu. Mdachi Heinrich Brode akazigeuza kwa herufi za Kirumi, zikapigwa chapa Berlin mwaka 1902 na 1903. Mwaka 1905 Brode akatoa kitabu chake mwenyewe, na katika jina lake akamwita mzee yule mtawala dhalimu. Hatumlaumu kwa kuhukumu. Maneno ya mwenyewe yalikwisha kutangulia, hata msomaji aweza kuipima hukumu ile. Wangapi kwetu hufanya hivyo? Wengi husikiliza, hutengeneza, kisha huyatupa waliyoyasikia.

Na shahidi mwenyewe je? Tippu Tip asimulia bila haya jinsi alivyojifanya mjukuu katika ukoo wa Kasongo Rushie, mtawala wa Utetela, hata akaachiwa nchi. Aungamaye hila yake ni mwongo au mkweli? Twaona ni mkweli katika yale anayojisifia, maana hila ile kwake ni akili. Pasipo sifa hunyamaza. Bei ya pembe aijua sana. Wapagazi Wanyamwezi waliozichukua hata pwani, kwa kawaida huwahesabu tu. Na watumwa vivyo hivyo.

Ukimya huo mwandishi hana ruhusa kuujaza kwa maneno ya kubuni. Na atafute mdomo wa pili. Adriano Atiman, aliyetekwa utotoni Afrika ya Magharibi akakombolewa, kisha akawa mganga wa Karema tangu 1889 hata kufa kwake 1956, alieleza maisha yake mwenyewe, yakapigwa chapa 1946. Kitabu kimoja kisisomwe bila cha pili.

Lakini mzee akikuambia kwamba babu yake alikuwa na watumwa, na wajukuu wakakusihi ulifute neno hilo? Sisi twasema, liandikwe. Jina la mtumwa ambaye uzao wake ungali jirani, hilo lisiandikwe ila kwa idhini ya uzao huo. Nao waulizwe faraghani, si mbele ya wajukuu wa bwana wake.