Gesi Adhimu, Gesi Adimu na Neno Aerojeni

Katika mtihani wa tafsiri wa muhula uliopita tuliwapa wanafunzi wa mwaka wa tatu kifungu kifupi cha kemia. Kifungu kilihusu zenoni, na ndani yake mlikuwa na neno la Kiingereza ambalo, tukiri mapema, sisi wenyewe tulikuwa tumekutana nalo mara mbili tu maishani: aerogen. Watahiniwa wengi waliliruka. Wachache waliandika "gesi inayozalisha hewa", nasi tukawapa alama zote. Mmoja aliandika "gesi iliyozaliwa hewani", tukamkata alama mbili. Mwanafunzi huyo alikuja ofisini na karatasi yake, akaiweka mezani, akauliza kwa adabu, "Mwalimu, naomba nisaidie. Hapa nimekosa nini?" Tukaanza kumweleza kwamba hidrojeni maana yake ni kizaa maji, halojeni ni kizaa chumvi, kwa hiyo aerogen haina budi kuwa kizaa hewa. Alisikiliza mpaka mwisho. Kisha akasema, "Sasa Mwalimu, zenoni inaizaaje hewa?"

Hatukuwa na jibu. Makala hii ndiyo jibu letu, ingawa limechelewa. Tunaliandika hapa badala ya kumnong'oneza mwanafunzi mmoja kwa sababu rasimu ya orodha ya istilahi za sayansi inayoandaliwa na kamati ya idara imekwisha kusambazwa, na ndani yake aerogen imepewa kisawe "zaahewa", huku maelezo yake yakisema ni "gesi adimu". Orodha hiyo itakwenda na walimu wanafunzi hadi kwenye shule za sekondari. Kwa maoni yetu maneno yote mawili yana kasoro, ila kasoro zenyewe hazifanani.

Tuanze na hilo la adimu. Elementi zinazohusika ni heliamu, neoni, arigoni, kriptoni, zenoni na radoni, yaani safu ya 18 ya jedwali la elementi. Waingereza wameziita kwa sifa tatu kwa nyakati mbalimbali: kwanza kwamba hazitendi, pili kwamba ni haba, tatu kwamba zina hadhi. Kiswahili kimefuata nyayo zote tatu, ndiyo maana leo mwalimu anaweza kukutana na gesi ajizi, gesi bwete, gesi adimu na gesi adhimu, zote zikitaja kitu kimoja.

Ajizi na bwete zilikuwa na haki yake hapo zamani. Rayleigh na Ramsay walipoigundua arigoni mwaka 1894 waliipa jina kutokana na neno la Kiyunani lenye maana ya mvivu, kwa kuwa kila walipoisukuma ishirikiane na elementi nyingine haikusogea. Uvivu huo uliaminiwa mpaka mwaka 1962, pale Neil Bartlett, akiwa Chuo Kikuu cha British Columbia nchini Kanada, alipotengeneza kampaundi yenye zenoni, platini na florini. Tangu hapo kampaundi nyingi za zenoni zimefuata. Mwalimu anayeandika "gesi ajizi" ubaoni leo anamfundisha mtoto jambo lililokanushwa zaidi ya miaka sitini iliyopita.

Adimu nayo haisimami. Kiswahili kina tashibihi maarufu ya kitu kilichoadimika, kwamba ni adimu kama wali wa daku. Je, arigoni imeadimika hivyo? Katika hewa kavu tunayovuta, arigoni ni takriban asilimia 0.93. Kaboni dioksidi, ambayo hakuna anayeiita adimu, ni kama asilimia 0.04. Arigoni basi inaipita kwa zaidi ya mara ishirini. Zenoni ndiyo haba kweli, lakini jina la ukoo mzima haliwezi kutolewa kwa sifa ya ndugu mmoja.

Lililobaki ni adhimu, na hili tunalitetea. Mwaka 1898 Mjerumani Hugo Erdmann alizifananisha gesi hizi na metali kama dhahabu, ambazo kwa kawaida hazichanganyiki ovyo na nyingine, akaziita kwa neno la Kijerumani lenye maana ya gesi zenye utukufu. Waarabu wanazo nabila kwa maana hiyo hiyo. Umoja wa kimataifa wa wanakemia, IUPAC, umeendelea na jina la namna hiyo hadi leo. Adhimu haisemi kwamba gesi haitendi kabisa, wala kwamba ni haba. Inasema tu kwamba haijichanganyi ovyo, na hilo bado ni kweli. (Mwenzetu mmoja wa pwani alipendekeza "gesi ungwana". Tulicheka, kisha tukanyamaza, maana neno si baya hata kidogo. Lakini tayari tuna maneno manne, la tano lingekuwa uchokozi.)

Tatizo la adhimu liko mdomoni. Hapa Uganda, na kwa majirani zetu wengi wa bara, sauti ya dh si ya lugha zetu za kwanza. Wanafunzi wetu husema "zambi" kwa dhambi na "dahabu" kwa dhahabu. Kwa maneno hayo hakuna hasara kubwa, msikilizaji anaelewa. Ila adhimu ikipoteza h yake inatua moja kwa moja juu ya neno jingine lililo hai, adimu, na maana inageuka bila mtu kushtuka. Tumesikiliza hotuba nyingi za maadhimisho ambamo msemaji anaisifu "lugha yetu adimu ya Kiswahili". Lugha yenye wasemaji mamilioni! Tunashuku, ingawa hatuwezi kuapa, kwamba hata rasimu ya kamati iliandikwa na mtu aliyesikia adhimu akaandika alichosikia. Kosa la aina hii halikamatwi na msahihishaji wa tahajia kwa kuwa maneno yote mawili yamo kamusini.

Sasa tuje kwenye aerogen yenyewe. Ni neno la nadra hata kwa wanakemia. IUPAC, katika mapendekezo yake ya mwaka 2005 kuhusu majina ya kemia isokaboni, haikuliorodhesha miongoni mwa majina ya makundi ya elementi. Lilipata nguvu mpya mwaka 2015, pale Antonio Bauzá na Antonio Frontera walipochapisha katika jarida la Angewandte Chemie makala kuhusu kifungo cha aerojeni. Walitazama kampaundi kama zenoni trioksidi, ambamo atomu moja ya zenoni imeshikana na oksijeni tatu. Oksijeni hizo huzivuta elektroni upande wao, hata zenoni ikabakiwa na sehemu zenye upungufu wa elektroni, na sehemu hizo huivuta molekuli jirani yenye elektroni za ziada. Gesi iliyoitwa mvivu kumbe ina mkono wa kukamatia.

Kwa nini hawakuridhika na jina la kawaida? Kwa sababu vifungo vya jamii hiyo vilikwisha kupewa majina kwa kufuata safu za jedwali: kifungo cha halojeni, cha kalkojeni, cha niktojeni. Aerojeni inaingia kwenye mstari huo kama shanga kwenye uzi. Hapo ndipo matumizi yake yalipo. Mtu haendi dukani kununua puto lililojazwa aerojeni, wala taa ya aerojeni. Neno linaishi mahali ambapo elementi hizi zinazungumziwa kama washiriki wa kifungo, sambamba na majirani zao wa jedwalini.

Maana ya sehemu zake je? Aer ni hewa, hakuna ubishi. Ubishi uko kwenye -gen. Wafaransa akina Lavoisier walipopanga majina ya kemia mwaka 1787 walilitumia kwa maana ya kitu kinachozaa: hidrojeni izae maji, oksijeni izae asidi. La kwanza ni kweli, la pili si kweli, kwani asidi hidrokloriki haina oksijeni hata chembe. Lakini kwa Wayunani wenyewe umbo hilo kwa kawaida lilikuwa na maana ya aliyezaliwa. Jina la yule mwanafalsafa Diogenes ni "aliyezaliwa na Zeu", si "aliyemzaa Zeu". Ukilisoma aerogen kwa jicho la Lavoisier unapata upuuzi, maana arigoni haizai hewa. Ukilisoma kwa jicho la Kiyunani unapata jambo la historia: Ramsay na Travers walizipata neoni, kriptoni na zenoni mwaka 1898 kwa kuigeuza hewa kuwa kimiminika na kuichuja sehemu kwa sehemu. Ni gesi zilizotoka hewani. Mwanafunzi tuliyemkata alama ndiye aliyesoma sawasawa.

Hata hivyo usomaji huo nao una mipaka, na hili halihitaji kwenda mbali. Mwaka 2016 watafiti wa vyuo vikuu vya Oxford na Durham, pamoja na kampuni ya Helium One, walitangaza kwamba kuna heliamu nyingi chini ya ardhi katika eneo la Rukwa nchini Tanzania. Heliamu hiyo haikutoka hewani. Ilizaliwa ndani ya miamba ya kale kutokana na kuoza kwa urani na thori, kisha joto la ardhini likaifungua. Radoni nayo ni mtoto wa mwamba. Na oganesoni, elementi ya 118 iliyopewa jina mwaka 2016, imetengenezwa maabara kwa atomu chache tu, na wanasayansi wanakisia kwamba kama ingepatikana ya kutosha huenda isingekuwa gesi. Kwa hiyo hakuna tafsiri ya sehemu kwa sehemu itakayowafaa ndugu wote saba.

Hapo ndipo "zaahewa" inapotushinda. Viambatani vya Kiswahili vya kitenzi na nomino, kama kipimajoto na kinasasauti, humtaja mtendaji. Msomaji wa Kiswahili hana njia ya kukisoma kizaahewa ila kama kitu kinachozaa hewa. Isitoshe, hewa kwetu hubeba pia maana ya gesi, tunaposema hewa ukaa au hewa chafu. Kizaahewa basi ni kitu kinachozalisha gesi, na kitu hicho kipo: wanabiolojia wanazo bakteria ziitwazo aerogenes kwa sababu huzalisha gesi zinapochachua sukari. Tukilitoa jina hilo kwa zenoni, siku tutakapolihitaji kwa bakteria tutaomba kwa nani? Kuna aliyejaribu kutuokoa kwa kupendekeza mwanahewa, mtoto wa hewa, lakini wanahewa wako kambini na ndege zao za kivita.

Tunajua kanuni tunazofundisha wenyewe: mwundaji wa istilahi atafute kwanza ndani ya Kiswahili, kisha katika lugha za Kibantu, ndipo akope mbali. Hatuivunji kwa furaha. Lakini vipo pia vigezo vya Pegitosca, alivyovipendekeza Kiingi mwaka 1989 alipokuwa akitafuta maneno ya Kiganda ya kuchukua nafasi ya yale ya Kiingereza, na miongoni mwa hivyo ni usahihi, ukimataifa na mfumo. Aerojeni inafaulu vyote vitatu, na inakaa bila kusukumana na halojeni tulizokwisha kuzikopa. Neno la mkopo lina faida moja isiyosifiwa sana: halidanganyi. Hakuna mtoto anayefikiria asidi anaposikia oksijeni.

Mawili ya kutahadhari. Wanafunzi wa biolojia wanaijua jeni kwa maana nyingine, na aliyezoea hilo anaweza kudhani aerojeni ni jeni ya hewani. Fasili itamtuliza. La pili ni tahajia. Kuna waliosema tuandike "erojeni" kwa kuwa tunasema eropleni. Tunaomba wasikilizaji wetu wa darasani wasamehewe kabla hawajaanza kucheka: kuna neno la kitabibu linalohusu ashiki ambalo nalo likitoholewa litakuwa hivyo hivyo. Herufi O katika Pegitosca iliwekwa kwa ajili ya siku kama hizi.

Tumeiandikia kamati kupendekeza "zaahewa" iondolewe na maingizo mawili yasomeke hivi:

gesi adhimu: elementi yoyote ya safu ya 18 ya jedwali la elementi. Isiandikwe gesi adimu.

aerojeni (i-/zi-): elementi ya safu ya 18 inapotajwa kama mshiriki wa kifungo, kwa mfano kifungo cha aerojeni. Tazama gesi adhimu.

Mwanafunzi amerudishiwa alama zake mbili. Wale walioandika "inayozalisha hewa" hatukuwapunguzia kitu, kwa kuwa kosa lao walilitoa kwenye mwongozo wetu wa usahihishaji, au lingekuwemo humo kama wangeuona.