Anga na Wimbo katika Vitabu Viwili vya Shaaban Robert

Mwalimu mwenzangu, na wewe mtahiniwa unayejiandaa kwa Karatasi ya Tatu, bila shaka umewahi kukutana na swali linalokutaka ueleze nafasi ya mandhari au ya nyimbo katika kazi ya fasihi. Majibu yanayotolewa aghalabu ni mafupi: mandhari ya angani ni ya kubuni, nazo nyimbo huburudisha. Majibu haya si ya uongo, lakini anayeishia hapo amebisha hodi na kuondoka kabla ya kukaribishwa. Kwa nini mwandishi aliamua kuipandisha nchi yake angani? Na kwa nini mwandishi huyo huyo alitumia kalamu yake kuandika maisha ya mwimbaji?

Mwandishi tunayemzungumzia ni Shaaban Robert (1909–1962), mzaliwa wa Tanga. Miongoni mwa vitabu vyake vingi, makala haya yanashughulikia viwili tu. Cha kwanza ni Kusadikika, kilichotoka mwaka wa 1951, ambacho anwani yake inatuambia waziwazi kwamba nchi hiyo iko angani. Cha pili ni Wasifu wa Siti Binti Saad, kilichotoka mwishoni mwa miaka ya 1950, kinachosimulia maisha ya mwimbaji mashuhuri wa taarab wa Unguja. Ukivisoma bega kwa bega utaona kwamba kitabu cha anga na kitabu cha muziki vinauliza swali moja: ni nani anayeruhusiwa kusema katika jamii, na akisema, atasikilizwa na nani?

Nchi iliyo angani

Tuanze na Kusadikika. Kijana Karama anashtakiwa na waziri Majivuno kwa kosa la kufundisha uanasheria. Anapopewa nafasi ya kujitetea, hajitetei kwa kukana. Anasimulia habari za wajumbe sita waliotumwa pande zote: mashariki, magharibi, kaskazini, kusini, mbinguni na ardhini. Kila mjumbe alirudi na mafunzo ya kuifaa nchi yake, na kila mmoja akalipwa mateso badala ya shukrani. Hii ni mbinu ya hadithi ndani ya hadithi, na mtahiniwa yeyote anaweza kuitaja. Lililo muhimu zaidi ni kueleza kazi yake: mshtakiwa anaigeuza mahakama, ikawa watawala ndio wanaohukumiwa na masimulizi.

Sasa angalia anga. Mipaka ya nchi hii inatajwa kwa majina ya pepo ambazo kila baharia wa pwani yetu anazijua, kama vile kaskazi na kusi. Mwandishi hakutupeleka katika anga geni lenye viumbe wa ajabu. Ametuinua kidogo tu kutoka mahali tulipokuwa tumesimama, nasi tunatambua kila kitu: mfalme, waziri mwenye wivu, madiwani, jela. Hata jina la nchi lina kinaya. Nchi ambayo hakuna awezaye kuifikia ndiyo iliyoitwa Kusadikika, yaani yenye kuaminika.

Wahakiki wengi wamekwisha kueleza sababu. Mwaka wa 1951 Tanganyika ilikuwa chini ya Uingereza, na Shaaban Robert mwenyewe alikuwa mwajiriwa wa serikali hiyo. Kusema wazi kwamba nchi inatawaliwa bila haki kungemponza. Anga likawa sitara. Maelezo haya yana nguvu, lakini tusiyageuze kuwa pingu. Ukisema kwamba kitabu hiki kinahusu ukoloni pekee, utashindwa kueleza kwa nini bado kinasomeka vizuri zaidi ya miaka sitini baada ya uhuru. Majivuno hana rangi wala bendera. Yuko popote ambapo mwenye cheo anaogopa kwamba raia watazijua sheria.

Aliyeitwa Mtumwa akawa Siti

Tukija katika kitabu cha pili, tunashuka kutoka angani hadi kijiji cha Fumba, Unguja. Siti alizaliwa huko mwaka wa 1880 katika familia ya watumwa, na jina lake la kwanza lilikuwa Mtumwa. Alipokuwa kijana aliuza vyungu, akivinadi kwa sauti njiani. Mwaka wa 1911 alihamia mjini, akajifunza uimbaji, na hatimaye akaitwa Siti, yaani bibi wa heshima. Mwaka wa 1928 yeye na wenzake walisafiri hadi Bombay, India, kurekodi nyimbo zao katika sahani za santuri. Taarab ya jumba la sultani ilikuwa imezoea Kiarabu. Siti aliipa Kiswahili, na santuri zake zikasikika pwani na bara. Alifariki mwaka wa 1950.

Hapa pana somo zuri la mbinu ya majazi. Katika Kusadikika mwandishi ndiye anayewapa wahusika majina ya kuwafaa: Karama, Majivuno. Katika Wasifu majazi yametolewa na maisha yenyewe. Mtumwa ni jina alilopewa na jamii iliyomdharau, na Siti ni jina alilolipata kwa sauti yake. Safari kutoka jina moja hadi la pili ndiyo muundo mzima wa kitabu, na mwandishi hakuhitaji kubuni lolote.

Je, wimbo ulifanya kazi gani? Wenye husuda walimwimbia Siti nyimbo za kumsimanga kwa asili yake na kwa sura yake. Naye hakwenda mahakamani wala hakunyamaza. Alijibu kwa wimbo, akisisitiza kwamba uzuri wa sura si hoja mbele ya akili na elimu. Wimbo wake mwingine, unaojulikana kwa jina la Kijiti, ulitokana na kisa cha mwanamke aliyeuawa, ambapo mshukiwa alitoroka huku wanawake waliotoa ushahidi wakiadhibiwa. Mahakama ilikuwa imefunga faili. Wimbo uliifungua upya mbele ya watu wote, na hukumu ya watu haikuwa na rufani. Anayeandika kwamba wimbo huu ni wa kuburudisha hajausikiliza.

Mizani ya vitabu viwili

Tulinganishe. Karama ana mahakama na ana muda wa kusema, lakini wasikilizaji wake ni wale wale wenye mamlaka ya kumhukumu. Siti hana mahakama. Wasikilizaji wake ni sultani katika kasri na wakati huo huo ni watu wa Ng'ambo waliokusanyika jioni kumsikia. Karama anatumia hoja ndefu zilizopangwa. Siti anatumia beti chache ambazo msikilizaji anaondoka nazo mdomoni. Wote wawili wanatetea haki, ila njia zao zinapishana, na matokeo yao pia.

Hapa ndipo ninapowaalika mtofautiane nami. Kwa maoni yangu, Wasifu ni kitabu chenye nguvu zaidi kuliko Kusadikika, ingawa sifa nyingi zimekiendea Kusadikika. Ushindi wa Karama mwishoni unatoka katika kinywa cha mfalme. Mfalme akiridhika, wafungwa wanaachiliwa, je, asingeridhika? Haki iliyoletwa na hisani ya mtawala mmoja inaweza kuondolewa na mtawala huyo huyo. Ushindi wa Siti haukuhitaji sahihi ya mtu. Hakuna amri ambayo ingeweza kuwasahaulisha watu wimbo waliokwisha kuushika.

Vitabu vyote viwili vina kasoro, na mhakiki mwaminifu hazifichi. Wahusika wa Kusadikika ni bapa: mwema ni mwema mwanzo hadi mwisho, na mwovu vivyo hivyo. Mwanamke hana nafasi kuu katika mahakama ile ya angani. Wasifu unamweka mwanamke katikati, lakini mwandishi mara nyingi anaacha kusimulia na kuanza kuhubiri. Anamgeuza Siti kuwa kielelezo cha maadili, tukakosa kumwona akichoka, akikasirika au akikosea. Zaidi ya hayo, kitabu hakina sauti. Kinatupa maneno yaliyoimbwa, lakini mahadhi, udi na makofi ya wasikilizaji hayawezi kupita katika karatasi. Hii ni kasoro isiyoepukika kwa kila kitabu kinachohusu muziki, na ni nafasi nzuri ya kuwaeleza wanafunzi kwa nini fasihi simulizi hupoteza kitu inapoandikwa.

Anga halikuishia kwa Shaaban Robert. Mwandishi wetu wa Kenya, Katama Mkangi, ambaye aliwahi kuwekwa kizuizini katika miaka ya 1980, alichapisha riwaya ya Walenisi mwaka wa 1995. Mhusika wake Dzombo anahukumiwa na kurushwa angani ili afe, lakini anatua katika sayari yenye jamii yenye utu. Litamke jina la sayari hiyo polepole: wale ni sisi. Kama ilivyo katika Kusadikika, tunapelekwa mbali ili tujione. Tofauti ni kwamba anga la Shaaban Robert linatuonyesha maovu tuliyo nayo, ilhali la Mkangi linatuonyesha wema tunaoweza kuufikia.

Darasani

Mwalimu, wagawe wanafunzi katika makundi mawili. Kundi moja liigize Karama akijitetea mbele ya baraza. Kundi la pili lichukue dhuluma iyo hiyo na kuitungia wimbo wa beti tatu. Kisha darasa lote lijadili ni lipi lililobaki kichwani baada ya siku mbili. Zoezi hili litawafunza majukumu ya nyimbo kuliko orodha yoyote ya kukariri.

Nawe mtahiniwa, kila unapokutana na anga au wimbo katika kitabu unachotahiniwa, jiulize mambo matatu: ni jambo gani lisingeweza kusemwa ardhini au kwa maneno makavu? Ni nani aliyenyimwa nafasi ya kulisema? Na ni nani aliyelisikia hatimaye? Jibu lenye mambo hayo matatu, likathibitishwa kwa matukio ya kitabu, litakuwa limeingia ndani ya nyumba na kuketi.

Maswali ya kudurusu

1. "Mshtakiwa ndiye hakimu." Thibitisha kauli hii kwa kurejelea Karama katika Kusadikika.
2. Fafanua matumizi ya majazi katika Kusadikika na uyalinganishe na majina ya Siti katika Wasifu.
3. Je, ni kweli kwamba haki inayotolewa na mfalme mwishoni mwa Kusadikika ni haki ya kutegemewa? Jadili.
4. Kwa kutumia mfano wa Siti binti Saad, eleza majukumu manne ya nyimbo katika jamii.