Kuupima Uhuishaji kwa Filamu za Anca Damian

Anca Damian, mwongozaji wa filamu kutoka Romania aliyezaliwa Cluj-Napoca mwaka 1962, alianzia kwenye kamera. Alisomea upigaji picha za filamu jijini Bucharest, akaifanya kazi hiyo kwa miaka kadhaa, akatengeneza filamu za hali halisi, na mwaka 2008 akatoa filamu ndefu ya waigizaji, Întâlniri încrucișate. Jina lake lilivuka mipaka alipoingia kwenye katuni. Anayetaka kutenganisha uhuishaji bora na ule unaopendeza macho tu hana shule nzuri kuliko filamu zake nne za namna hiyo.

Jambo la kwanza kuangaliwa ni sababu ya kuchora. Kuchora filamu nzima kunakula muda mwingi, kwa hiyo ni haki kuuliza kama kisa kisingetosha kupigwa picha. Crulic, ya mwaka 2011, inalijibu swali hilo mapema. Inamhusu Claudiu Crulic, Mromania aliyekamatwa Poland mwaka 2007 akituhumiwa kuiba pochi. Alisema siku ya wizi alikuwa Italia. Aligoma kula, na Januari 2008 akafariki akiwa chini ya ulinzi. Mkasa huo ulimfanya waziri wa mambo ya nje wa Romania ajiuzulu. Hakukuwa na kamera ndani ya seli ile. Mchoro ndio uliobaki, nao Damian anautumia kwa adabu: kadiri njaa inavyomla kijana, umbo lake linakonda na mistari inapungua kwenye karatasi. Sauti ya mwigizaji Vlad Ivanov inamsemea marehemu kwa nafsi ya kwanza, kwa utulivu, bila kulia. Hapo pana alama ya fundi: picha ikibeba uchungu, sauti haina haja ya kuurudia. Filamu hiyo ilipata tuzo kuu ya filamu ndefu katika tamasha la Annecy, Ufaransa, mwaka 2012.

Jambo la pili ni mchanganyiko wa malighafi. Damian huchanganya penseli, rangi za maji, vipande vya karatasi vilivyokatwa na picha halisi za familia. Wanaoiga mtindo huu ni wengi, na wengi hupotea, kwa kuwa kila kitu kipya kinawekwa kwa ajili ya upya wake. Dawa ni kutazama maungio. Picha halisi inapotokea katikati ya michoro ya Crulic, mtazamaji anakumbushwa kwamba huyu alikuwa mtu, alikuwa na ndugu. Muntele magic (2015), kuhusu Mpolandi Adam Jacek Winkler aliyekwenda kupigana bega kwa bega na mujahidina wa Afghanistan, ina malighafi nyingi zaidi, na si kila ungio linashika vilevile.

Kilele cha kazi yake ni Călătoria fantastică a Maronei ya mwaka 2019, iliyoandikwa na mwanawe, Anghel Damian. Mbwa jike amegongwa na gari, na akiwa amelala barabarani anayapitia maisha yake tangu mwanzo. Alizaliwa wa tisa, akaitwa kwa namba yake. Baadaye kila bwana akampa jina jingine: Ana, Sara, Marona. Mchoraji Mbelgiji Brecht Evens ndiye aliyebuni wahusika. Msarakasi Manole, bwana wa kwanza, anafaa kutazamwa sauti ikiwa imezimwa. Hana mifupa ya kawaida. Mikono inarefuka, mwili unajikunja na kutiririka kama utepe, kwa sababu ndivyo mbwa anayempenda anavyomwona. Istvan, bwana mwingine, mtu wa ujenzi, ni mzito na mpana. Mtindo unabadilika pamoja na anayependwa, na hakuna badiliko lililowekwa kwa mapambo. Marona mwenyewe, katikati ya ghasia zote za rangi, anabaki mdogo na mweusi, mwenye pua ya umbo la moyo, hivyo jicho halimpotezi hata mara moja. Mwanafunzi wa uhuishaji aisimamishe filamu popote apendapo, kisha ajiulize picha hiyo ni ya nani anayetazama. Katika Marona jibu hupatikana karibu kila mara.

Swali hilohilo linaonyesha udhaifu wa Insula (2021), filamu ya nyimbo inayomgeuza Robinson Crusoe wa riwaya kuwa daktari kwenye kisiwa kilichozungukwa na wahamiaji wanaovuka bahari. Utajiri wa picha ni uleule, huenda umezidi, na baadhi ya nyimbo zinabaki masikioni. Lakini rangi na maumbo yanafuatana haraka mno, na mara nyingi hayana mwenyewe: si Robinson, si mhamiaji, wala si kisiwa kinachoonekana kuyatazama.