Melina na ile miisho mizuri

Ukimtaja Melina Mercouri kwa watu wetu waliosoma, utasikia habari moja tu: yule Mgiriki aliyenyang'anywa uraia mwaka 1967 na wanajeshi waliopindua serikali, akarudi kwao 1974, baadaye akawa Waziri wa Utamaduni. Habari hiyo tunaipenda, na sababu mnazijua. Lakini jamani, mama huyu alikuwa mwigizaji. Tumpime kwa filamu.

Iliyompa jina ni Never on Sunday (1960), ya Jules Dassin. Humo yeye ni Illya, kahaba wa bandari ya Piraeus, na Mmarekani mmoja anayeitwa Homer anakuja kumfundisha maisha bora. Sisi wa kambini, si tunamjua Homer? Anafika na daftari, anaanza kukurekebisha hata jina lako hajauliza. Utamu uko pale Illya anaposimulia tamthilia za kale za kwao: hata Medea kwake haui mtu, mwisho wote wanakwenda ufukweni. Melina anasema vile kwa uso wa mtu anayeamini kabisa. Nilicheka mpaka machozi. Cannes walimpa tuzo mwaka ule, na aliistahili. Ila filamu yenyewe inambembeleza mgeni: umaskini wa bandarini unapendeza mno, na muziki wa Manos Hadjidakis unafunika mengine.

Na sisi huku tunaombwa hivyohivyo. Andika hadithi yako, lakini mwishoni weka matumaini. Yaani twende ufukweni.

Ndiyo maana mimi naishika Stella (1955) ya Michael Cacoyannis, filamu ya kwanza ya Melina. Stella ni mwimbaji wa kilabu, anampenda Miltos ila ndoa haitaki. Siku ya harusi haendi. Miltos anamngoja njiani na kisu, anamwambia aondoke. Haondoki, anatembea kumwendea. Melina hapo hafanyi kitu kikubwa, halii, hapigi kelele. Anatembea tu, na wewe unayetazama unajua hakuna mtu atakayemwokoa.

Kuna nyingine inayotuhusu zaidi, He Who Must Die (1957), ya Dassin pia. Wakimbizi wa kijiji kilichoharibiwa wanafika kwenye kijiji chenye shibe, padre wa pale anawafukuza, anatangaza kwamba wana kipindupindu. Wanakwenda kukaa mlimani. (Wagiriki wote humo wanasema Kifaransa. Sisi tuliotoka Congo tumezoea kusemewa kwa Kifaransa, haikunisumbua.) Melina ni Katerina, mjane ambaye wanaume wanamtaka usiku na mchana hawamjui. Dassin hapa amemnyima. Maneno mazito yote wamepewa mapadre na wachungaji wa kondoo, wakati yeye peke yake pale kijijini alikuwa anajua tayari kufukuzwa na majirani kukoje. Ningempa yeye ile zamu ya kumjibu padre.