Masharti Matatu Katika Kurasa Mbili: Kuisoma Upya Makala ya Wichterle na Lím

Wahakiki wa Kiswahili tumezoea kuichambua fani ya riwaya, tamthilia na mashairi, lakini makala ya kisayansi tunaipitia haraka kutafuta matokeo, kana kwamba namna ilivyopangwa haina uzito. Kuna makala moja ya kemia ambayo ukiisoma hivyo unapoteza nusu ya thamani yake. Ilitoka tarehe 9 Januari 1960 katika jarida la Nature la Uingereza, ikiandikwa na wanakemia wawili wa Prague, Otto Wichterle na Drahoslav Lím. Kichwa chake kwa Kiswahili ni “Jeli Zinazopenda Maji kwa Matumizi ya Kibiolojia”. Inaanza ukurasa wa 117 na kuishia ukurasa wa 118. Taaluma ya haidrojeli za tiba, yaani polima zinazofyonza maji na kukaa ndani ya mwili au juu yake, bado inarejea kwenye kurasa hizo mbili.

Tazama inavyoanza. Mwanasayansi mwenye dutu mpya mkononi hushawishika kuitangaza tangu sentensi ya kwanza. Hawa hawafanyi hivyo. Wanaanza na upungufu: plastiki zinazidi kuingia katika tiba, ilhali nyingi kati yake zilibuniwa kwa kazi nyingine. Hoja hiyo haikukosa ushahidi. Mwaka 1949, London, daktari wa macho Harold Ridley alipandikiza lenzi ya plastiki ndani ya jicho la mgonjwa wa mtoto wa jicho. Plastiki yenyewe, polimethili methakrilati, ilikuwa ya aina iliyotumika kutengenezea vioo vya ndege za kivita, na Ridley aliichagua kwa kuwa aliona vipande vyake vilivyoingia machoni mwa marubani havikuleta uvimbe mkubwa. Ulikuwa uchunguzi wa busara, nao umewafaa wagonjwa wengi mno. Wanakemia waliisafisha zaidi plastiki hiyo kwa ajili yake, lakini muundo wa molekuli ulibaki uleule wa kioo cha ndege. Dutu ilikuwepo kabla ya swali.

Makala ya 1960 inaupindua utaratibu huo. Swali linatangulia, nalo linawekwa kwa masharti matatu yenye namba. Kwanza, muundo wa plastiki uruhusu kiasi cha maji kinachotakiwa. Pili, plastiki isiingiliane na shughuli za kawaida za mwili: isivunjwevunjwe na mwili, wala isiuletee madhara. Tatu, iyapitishe yale yanayoingia na kutoka kwenye seli wakati wa uhai wake.

Mwandishi mwingine angetanguliza usalama, maana ndio unaomgusa msomaji upesi. Hapa maji yametangulia, na nadhani huo ndio uamuzi wa kijasiri kuliko wote katika makala. Tishu nyingi za mwili ni maji kwa sehemu kubwa. Plastiki iliyozoeleka hospitalini wakati ule ilikuwa kavu na ngumu, na usalama wake ulipimwa kwa kuuliza kama inaleta madhara au la. Wichterle na Lím wanauliza kwanza kama inafanana na mahali itakapokaa. Kwa kuanza na maji, wanaifanya hali ya tishu kuwa kipimo cha dutu.

Sasa ifungue molekuli yenyewe uisome kwa utulivu huohuo. Chukua methili methakrilati, monoma ya lenzi ya Ridley, yaani molekuli ndogo inayounganishwa na nyingine kama yenyewe kuwa mnyororo wa polima. Kwenye ncha ya mkia wake kuna kaboni moja iliyoshika hidrojeni tatu, kikundi kisichovutana na maji. Monoma ya Wichterle na Lím, haidroksiethili methakrilati, ina atomi zote za ile ya kwanza na nyongeza ya atomi nne tu: kaboni moja, hidrojeni mbili na oksijeni moja. Oksijeni hiyo hukaa karibu na ncha ya mkia ikiwa imeshika hidrojeni, na kikundi cha namna hiyo, haidroksili, huvutana na maji kwa nguvu. Atomi nne zinatosha kugeuza tabia nzima. Polima ya kwanza hubaki ngumu hata ukiizamisha majini. Ya pili hufyonza maji hadi yakafikia karibu asilimia 40 ya uzito wake, ikalainika, na bado ikabaki angavu. Sharti la kwanza limejibiwa kwa mkia mmoja uliorefushwa kidogo.

Sharti la pili limejibiwa na kile ambacho hakikuguswa. Uti wa mgongo wa mnyororo ni kaboni iliyoshikana na kaboni, na mwili hauna kimeng’enya cha kuukata. Kikundi cha methili kinachokaa kwenye uti huo kiliachwa mahali pake, nacho husaidia kuukinga mkia usikatwe na maji kwa wepesi. Hapa ndipo ninapouona ustadi wa kurekebisha polima. Mkemia asiye makini angeongeza vikundi vingi vinavyopenda maji popote penye nafasi, akapata jeli inayolowa sana na kudumu kidogo. Hawa walibadilisha mkia wakauheshimu uti.

La tatu limejibiwa na mafundo. Minyororo isiyofungwa inaweza kuteleza mmoja juu ya mwingine, na umbo likapotea. Kwa hiyo huongezwa kiasi kidogo sana cha daimethakrilati, monoma yenye mikono miwili, inayoshika mnyororo mmoja huku na mwingine kule. Minyororo inakuwa wavu. Mvuvi anajua kwamba tundu la wavu ndilo linaloamua nani apite na nani abaki. Katika jeli hii vitundu hupitisha maji na molekuli ndogo, huku mafundo yakilinda umbo. Ukizidisha mafundo, jeli inakuwa ngumu na kunywa maji kidogo, na sharti la kwanza linavunjika. Upande wa maji nao una kikomo: monoma ikichanganywa na maji mengi mno wakati wa kutengeneza, polima hujitenga nayo na jeli hutoka nyeupe, yenye vinyweleo, isiyofaa kwa jicho. Masharti matatu hayajibiwi moja baada ya jingine. Yanavutana, na dutu inayofaa iko pale mvutano unapotulia.

Kuhusu mtindo sina mengi ya kusema. Lugha ni ya jarida: fupi, isiyo na mapambo, nafsi za waandishi zimefichwa. Lakini umalizio unastahili kutazamwa. Lenzi laini za kuvaa machoni, ambazo baadaye zingewafikia mamilioni ya watu, zinatajwa katika sentensi ya kufunga tu, bega kwa bega na mishipa ya damu, na kufuatiwa na neno la kuonyesha kwamba orodha inaendelea. Kuna atakayesema waandishi hawakutambua walichokishika. Mimi naona walitambua vizuri. Walikuwa wanatoa kanuni ya kutengeneza dutu, na lenzi ni mfano mmoja wa kanuni hiyo. Kuitanguliza lenzi kungeifanya makala kuwa tangazo la kifaa.

Kifaa chenyewe kilikuja kwa njia isiyo na fahari. Alasiri ya tarehe 24 Desemba 1961, nyumbani kwake, Wichterle alitumia vipande vya Merkur, vifaa vya watoto vya kuundia michezo, pamoja na dainamo ya baiskeli, akazungusha kalibu zenye monoma ya majimaji mpaka ikaganda katika umbo la lenzi. Mwaka 1971 lenzi za polima hiyo, zikiuzwa na Bausch & Lomb, ziliidhinishwa Marekani.

Sifa hizo zote hazinizuii kusema mahali makala inapopwaya. Sharti la tatu limebeba mzigo mkubwa kwa maneno machache. Konea, sehemu angavu ya mbele ya jicho, haina mishipa ya damu, hivyo hupata oksijeni yake kwa sehemu kubwa kutoka hewani. Katika jeli ya 1960, oksijeni hupita kupitia maji yaliyomo, na kwa mtu anayelala na lenzi kiasi hicho hakitoshi. Ilibidi kungoja hadi mwishoni mwa miaka ya 1990, wanakemia walipoweza kuunganisha silikoni na polima zinazopenda maji.

Udhaifu mkubwa zaidi uko katika sharti la pili. Limeandikwa kwa kukanusha: isivunjwe, isidhuru. Kwa lenzi inayovuliwa jioni, ukanushaji huo unatosha. Kwa dutu inayoachwa ndani ya mwili hautoshi, kwa sababu mwili haukai kimya mbele ya kitu kigeni. Jeli hiyohiyo ikipandikizwa kwa muda mrefu imeonekana kukusanya kalsiamu na kukakamaa. Tena seli hazipendi kushika juu yake. Mwaka 1978 Judah Folkman na Anne Moscona waliitumia tabia hiyo kwa makusudi: walipaka vyombo vya kukuzia seli polima hii kwa unene tofauti, na kadiri seli zilivyoshindwa kujitandaza ndivyo zilivyopunguza kutengeneza DNA. Dutu iliyosifiwa kwa kutoingilia chochote ilikuwa inaiambia seli isikue.

Jibu lilikuja kwa kuandika juu ya mnyororo kitu ambacho seli inaweza kukisoma. Mwaka 1984 Michael Pierschbacher na Erkki Ruoslahti walionyesha kwamba seli hutambua mfuatano wa amino asidi tatu tu, ajinini, glaisini na asidi ya aspatiki, ndani ya protini kubwa zinazozishikilia. Mwaka 1999 Jon Rowley, Gerard Madlambayan na David Mooney walifunga kipande kifupi chenye mfuatano huo kwenye alginati, polima ya sukari itokanayo na mwani wa kahawia, ambayo yenyewe haishikwi na seli. Seli za misuli zikashika, zikajitandaza, zikaongezeka. Kwa kanuni, marekebisho ni madogo kama yale ya Prague: uti wa mnyororo umeachwa, na baadhi tu ya vikundi vya kaboksili vilivyo juu yake vimepewa mzigo mpya. Ila safari hii dutu inasema na mwili, na mwili unaitikia.

Kwa hiyo nawaomba wanaofundisha kemia ya polima, hasa wanaoifundisha kwa Kiswahili, waitoe makala hii darasani pamoja na mchoro wa molekuli yake. Wanafunzi waoanishe kila sharti na atomi zinazolitimiza. Kisha wapewe kalamu, waliandike upya sharti la pili kwa lugha ya kukubali badala ya kukanusha: waseme dutu inapaswa kuifanyia nini seli.