Muziki Usio na Sauti

Filamu ya At Land ya Maya Deren haina sauti hata chembe. Ni takriban dakika 15 za ukimya, nyeusi na nyeupe, aliyoitengeneza Marekani mwaka 1944. Hata hivyo, ukiniuliza ni filamu gani iliyoushika barabara muziki wa bahari, nitaitaja hiyo kwanza.

Inaanza ufuoni. Mawimbi yanamtupa mwanamke mchangani, naye ni Deren mwenyewe. Kisha maji yanakwenda kinyumenyume: povu linajikusanya, wimbi lililokwisha kuvunjika linasimama tena na kurudi lilikotoka. Mbinu yenyewe ni nyepesi, lakini tazama alipoiweka. Mwili umelala kimya, bahari ndiyo inayocheza. Anapoinuka, mwendo wake wote umekwisha kuchukua mapigo ya maji yale.

Anashika mizizi ya gogo kavu lililoletwa na maji, anapanda taratibu. Mkono unapapasa juu, unatafuta pa kushika; kichwa kinachomoza, na kumbe kinachomoza kwenye ukingo wa meza ndefu ya karamu, watu wameizunguka, wanavuta sigara na kupiga soga. Anatambaa kifudifudi juu ya meza, hapana anayemwona. Mara picha inaturusha vichakani, naye bado anatambaa, kwa kasi ileile. Mkato umeangukia katikati ya tendo, kabla mwili haujatulia, ndiyo maana jicho linavuka bila kujikwaa. Angengoja tendo liishe ndipo akate, safari yote ingekufa.

Ujuzi huo wa kukata ni wa mtu aliyekaa karibu na wacheza dansi. Deren aliwahi kuwa katibu wa Katherine Dunham, aliyeongoza kundi maarufu la dansi, na katika filamu yake ya 1945 alimwonyesha Talley Beatty, aliyewahi kucheza katika kundi hilo: mguu unainuliwa msituni, unatua ndani ya nyumba. Hatua ni moja tu.

Meshes of the Afternoon, filamu ya 1943 aliyoitengeneza pamoja na Alexander Hammid, iliwekewa muziki wa Teiji Ito mwaka 1959. At Land aliiacha na ukimya wake, na kwangu alifanya vyema kabisa: ala yoyote ingegombana na mizani ambayo mikato yenyewe imekwisha kuipanga.